Ubeti wa Kati wa Fungalei

Losaline Vainikolo alikuwa na desturi ya kuinusa filamu kabla ya kuitazama. Akifungua kopo, hakutanguliza jicho, alitanguliza pua. Filamu yenye afya hainuki kitu, au hunuka vumbi tu kama kabati la bibi. Filamu inayougua hunuka siki. Mwanzoni ni siki kidogo, kama achari iliyosahauliwa mezani. Baadaye inachoma macho, na hapo mkanda huanza kusinyaa, kujikunja na kushikamana, mpaka harusi na mazishi na watoto waliokimbilia mbele ya kamera vinakuwa tofali moja la kahawia lisilofunguka tena.

Ndiyo maana Kepueli, mkuu wake wa kazi, alimwita Daktari wa Siki, na jina likatoka ofisini likaingia sokoni.

"Daktari wa Siki!" wauza viazi vikuu wa Nukualofa, mji mkuu wa Tonga, walimpigia kelele. "Leo umezika wangapi?"

"Leo nimefufua mmoja," alijibu bila kusimama. "Harusi ya nyanya yako. Alikuwa mwembamba kama mwanzi. Wewe sijui umemrithi nani!"

Chumba chake kilikuwa nyuma ya maktaba, kidogo, baridi, hakina dirisha. Aliwahi kwenda Australia mwaka mmoja kujifunza kazi hiyo, akarudi na cheti, sweta mbili na glavu nyeupe za pamba. Tangu siku hiyo alikuwa ameketi mbele ya meza yenye magurudumu mawili ya kusokota kwa mkono, akiupitisha mkanda taratibu kutoka kushoto kwenda kulia, akifuta ukungu, akiziba vitundu vya pembeni vilivyochanika, akiunga palipokatika. Mumewe alikuwa baharia, na aliporudi nyumbani alimkuta mkewe akizungumza na watu waliokufa zamani. "We bwana na kofia yako, hebu sogea," Losaline alikuwa akimwambia mtu wa ndani ya mkanda, "tumwone huyo mama nyuma yako."

Hivyo ndivyo alivyoishi, na aliridhika. Lakini palikuwa na filamu moja ambayo kila alipopita mbele ya kopo lake moyo wake ulisita, na hakulifungua. Aliogopa.

Kopo hilo lilikuwa na jina la Fungalei, kijiji cha baba yake huko visiwa vya Haapai. Miaka hamsini na kitu iliyopita, mwalimu mmoja mgeni aliyefundisha shule ya misheni aliweka kamera yake mbele ya uwanja wa kanisa, akaipiga picha lakalaka, ngoma ya kijiji, kutoka mwanzo mpaka mwisho. Kamera haikushika sauti, ilishika mikono tu. Na aliyeitunga lakalaka hiyo, maneno yake, sauti yake na kila mkunjo wa kidole chake, alikuwa babu yake Losaline.

Anayejua ngoma hiyo hahitaji kuambiwa: lakalaka ni shairi lililosimama kwa miguu. Wanaume mstari upande huu, wanawake upande ule, wote wanaimba, na mikono inasema kile ambacho maneno yanakificha. Mzee Vainikolo alipofariki, kijiji kiliomboleza, na ngoma ikalala miaka mingi. Ilipoamshwa, ubeti wa kati haukuamka nayo. Binti wa mtunzi, Talahiva, alikumbuka maneno yake isipokuwa mshororo mmoja. Mwanawe, Isileli, ambaye ndiye baba yake Losaline, alikumbuka baadhi ya mikono, lakini hakujua ipi inatangulia. Na kusimama mbele ya watu ukiimba huku mikono imening'inia ni aibu kuliko kutocheza. Basi Fungalei wakawa wanaruka. Wakimaliza ubeti wa tatu wanaingia wa tano, na mgeni hakujua, ila jirani alijua.

Majirani hao ni watu wa Hihilua, na mdomo wao ulikuwa mwanamke mmoja aliyeitwa Pisila.

"Fungalei!" Pisila aliita kwenye kila mkusanyiko. "Ngoma yenu inakuja kifua na miguu. Kiuno mmekiacha wapi?"

Mwaka huo kanisa la Fungalei lilikuwa linatimiza miaka mia moja. Vijiji vyote vya kisiwa vingecheza hapo uwanjani, na wenyeji wangecheza mwisho, kama ilivyo heshima. Isileli alimpigia simu binti yake.

"Losa mwanangu, fungua lile kopo."

"Baba, na nikikuta limekufa?"

"Basi tutajua limekufa, tutalia, tutakula. Lakini hatuwezi kuikaribisha miaka mia ya kanisa kwa kuruka tena. Mimi nimezeeka. Nikienda na mikono hii michache niliyobaki nayo, hakuna atakayejua hata kwamba ubeti ulikuwepo."

Losaline alilifungua asubuhi, huku Kepueli amesimama nyuma yake. Harufu iliwatoa machozi wote wawili kabla kifuniko hakijafika mezani. Ndani mlikuwa na tofali. Aligusa kwa ncha ya glavu, na kipande kikabanduka kama ganda la mti mkavu. Hakikuwa na picha.

"Pole," Kepueli alisema, na siku hiyo hakumwita daktari.

Alipanda meli kwenda Haapai kutoa habari mwenyewe, kwa maana habari ya namna hiyo haitumwi kwa simu. Baba yake aliipokea, akaenda zake kwenye kikao cha wanaume cha kunywa kava. Lakini habari mbaya haikai nyumba moja. Jioni hiyohiyo Losaline aliitwa kwa shangazi yake, na huko Tonga, shangazi akiita, hata mtu aliyevunjika mguu huenda.

Shangazi Talahiva alikuwa na miaka themanini, na utawala wake juu ya watoto wa kaka yake ulikuwa hauna mipaka. Alipotaka nguruwe alichukua nguruwe. Alipotaka kiti kilichokaliwa, aliyekikalia alisimama. Alimkuta Losaline ameketi sakafuni, kichwa chini, kama inavyopasa.

"Nasikia unalia juu ya kopo."

"Ndiyo, Shangazi. Filamu ya babu imekufa."

"Ipi?"

"Ipo moja tu, Shangazi."

"Nani kakwambia moja? Yule mwalimu alileta mbili. Moja akawapa watu wa ofisi, nyingine akampa baba, ikaja ikakaa kwa kaka yangu, nami nikaichukua wewe ukiwa bado unanyonya."

Losaline aliinua kichwa bila kutaka. "Uliichukua kwa nini?"

"Swali gani hilo? Kwa sababu mimi ni shangazi yako." Bibi yule aliangalia pembeni kidogo. "Na pia nilitaka kopo. Lilikuwa kopo zuri, la duara, lenye mfuniko unaobana. Nimeokea mikate humo mpaka likatoboka, na kaka yangu akadhani filamu ilikwenda na kopo."

"Na filamu, Shangazi? Filamu uliitupa?"

"Nitupe kitu cha baba yangu? Una wazimu? Inua godoro."

Chini ya godoro palikuwa na hazina yake yote, kama ilivyo chini ya godoro la kila mwanamke wa heshima: mikeka laini ya harusi na ya mazishi, na vitambaa vya magome ya mti vilivyogongwa kwa nyundo, vikakunjwa na kukunjwa. Losaline aliviondoa kimoja kimoja. Katikati ya kitambaa kimoja kilichochorwa mistari ya kahawia, mkono wake uligusa kitu cha duara.

Hakutazama. Aliinamisha pua.

Ilinuka moshi. Ilinuka mafuta ya nazi na maua makavu. Siki ilikuwepo, mbali sana, kama mtu anayepita barabara ya pili akiimba.

Alianza kucheka, na machozi yakamtoka hapohapo. Shangazi alimtazama kwa mashaka. Losaline alijaribu kumweleza: siki huzaliwa ndani ya filamu yenyewe, na mvuke wake ukifungiwa kwenye kopo hurudi kuila filamu iliyouzaa. Ile ya ofisini ilifungiwa vizuri mno. Hii ilivikwa kitambaa kinachopumua, na kila jua lilipokuwa zuri shangazi alianika mikeka yake uani, na filamu ikaanikwa kivulini pamoja nayo.

"Kwa hiyo nimeiponya," alisema Talahiva.

"Umeiponya, Shangazi."

"Kwa sababu ya mikate."

"Kwa sababu ya mikate."

"Basi waambie ofisini kwako." Kisha akakunja uso. "Unaweza kwenda nayo. Lakini sikiliza vizuri. Haiendi nchi ya watu. Na watu wa kwanza kuiona ni sisi, hapa hapa, si mabwana wa tai."

Kazi ilimchukua Losaline majira mazima ya baridi. Mkanda ulikuwa umesinyaa kidogo, vitundu vyake havikulingana tena na meno ya mashine yoyote, na mashine ingeurarua. Akaamua kuupitisha kwa mkono, picha moja baada ya nyingine, juu ya taa na chini ya kamera, kama mtu anayesoma tasbihi. Picha moja ya mkono ukiwa chini. Picha moja ya mkono ukiwa umepanda unene wa ukucha. Kwa siku nzima ya kazi, mtu mmoja ndani ya filamu aliweza kuinua mkono na kuushusha, basi. Kepueli alipita mlangoni akauliza, "Babu amefika wapi?" naye akajibu, "Amefika kwenye kiwiko."

Alimwona babu yake kwa mara ya kwanza. Alikuwa mfupi. Alisimama katikati, mkeka mkubwa kiunoni, mdomo wazi, na mikono yake haikufanana na mikono ya mtu mwingine yeyote uwanjani: wengine waliisogeza, yeye aliiacha iende. Kulia kwake, mwisho wa mstari wa wanaume, alikuwa kijana mwenye masikio makubwa, na masikio hayo Losaline aliyajua. Aliyavuta sana alipokuwa mtoto. Kati ya wanawake alisimama msichana mwenye kidevu juu kama anayedai kitu. Yeye naye hakuhitaji kuulizwa jina.

Alirudi Fungalei na filamu ndani ya kompyuta, projekta begani, na mkanda wenyewe umevikwa tena kitambaa chake. Shuka nyeupe ilitundikwa kwenye mlango mkubwa wa ukumbi, nusu ya kijiji ikaketi ndani, nusu nje.

Hiyo haikuwa bahati mbaya. Kaka na dada hawaketi chumba kimoja kutazama picha. Tangu utotoni, sinema ikija, Isileli alikwenda siku ya kwanza na Talahiva siku ya pili. Leo hakuna aliyekubali siku ya pili. Kwa hiyo Talahiva na wanawake waliketi ndani, mbele ya shuka, na Isileli na wanaume wakaketi nje uwanjani, nyuma ya shuka, ambako picha ilipenya kitambaa ikaonekana vilevile. Heshima ilitimia, na kila mtu aliona.

Taa zilizimwa. Wafu walitokea.

Hapakuwa na sauti, ila mlio mdogo wa projekta. Ubeti wa kwanza ulipita, wa pili, wa tatu. Kisha mikono ya mzee Vainikolo ilifanya kitu ambacho hakuna mtu chini ya miaka sitini aliyewahi kukiona, na ukumbi mzima ukavuta pumzi.

Talahiva alianza kuimba. Sauti yake ilikuwa nyembamba, imekwaruza, lakini ilikwenda sawasawa na midomo ya wale watu, neno kwa neno, kama mtu anayemvisha mtoto nguo. Alifika kwenye mshororo aliousahau. Akanyamaza. Kwenye shuka mkono wa baba yake ulianguka polepole, vidole vikapanda mpaka puani, halafu mkono ukaondoka kwenda pembeni, ukaenda, ukaenda.

"Ua," alisema Talahiva. "Ni ua!" Na akaimba: "Ua la jana limeanguka, harufu yake ndiyo inayotembea."

Na kutoka nje, nyuma ya shuka, sauti nzito ya mzee mmoja iliupokea mshororo ikaushusha chini, mahali sauti ya wanaume inapokaa. Kaka na dada, ambao hawakuwahi kutazama kitu kimoja kwa wakati mmoja tangu walipoota meno, waliimba pamoja kitambaa kikiwa kati yao. Losaline, mkono kwenye projekta, alijiambia kwamba akifa kesho amelipwa.

Hakufa kesho. Ingekuwa afadhali angekufa, kwa jinsi ilivyokuwa.

Majuma yaliyofuata, kila jioni picha ilirudiwa, na kila upande ukajifunza mahali pake: Talahiva akiwafundisha wanawake ndani, Isileli akiwafundisha wanaume nje. Walipojua vizuri, walitoka wote uwanjani, wakasimama mstari mmoja, kanisa upande mmoja na bahari upande mwingine. Wakaimba. Walifika ubeti wa kati. Mkono ulianguka, vidole vikapanda puani, na harufu ikaanza kutembea. Wanaume waliipeleka baharini. Wanawake waliipeleka kanisani.

Katikati ya mstari, ambapo wanaume na wanawake hukutana, mwanamume mmoja na mwanamke mmoja walipeana migongo kama waliogombana.

"Rudieni!" alisema Isileli. Walirudia. Harufu ilikwenda kote kuwili.

Basi zogo likaanza.

"Nyie ndio mmekosea! Sisi tumeiona kwa macho!"

"Na sisi tuliangalia kwa nini, kwa visigino?"

"Mliangalia mgongo wa shuka! Sisi tulikuwa mbele!"

Kisha mtu mmoja, hakujulikana nani, akasema neno ambalo wote walilishika kwa pamoja kwa kuwa lilimwondolea kila mmoja lawama: "Losa ameigeuza filamu."

Losaline aliijua hatari hiyo kuliko wote. Mkanda ni kama kioo cha dirisha. Ukiupitisha mgongo juu, haulalamiki, unakupa picha safi kabisa, ila kila mtu ndani yake anakuwa mwenye shoto. Angeweza kukosea hivyo? Majira mazima ya baridi, picha moja moja, zote kinyume? Sherehe ilikuwa imebaki juma moja. Na tayari, kwa sababu kisiwa ni kidogo, Pisila wa Hihilua alikuwa amesikia.

"Hongereni, Fungalei!" alipaza sauti akipita barabarani na kikapu chake. "Kiuno mmekipata! Tatizo kimeangalia nyuma!"

Isileli hakumlaumu binti yake, na hilo lilimuuma zaidi. Alisema tu, "Ikishindikana, tutaruka. Tumezoea."

Losaline alijifungia ukumbini mchana kutwa na filamu. Aliuangalia mkanda wenyewe chini ya taa: upande wa kung'aa, upande usiong'aa, kila kitu mahali pake. Aliirudisha picha kwenye shuka. Nyuma ya wachezaji palikuwa na ukuta wa kanisa, na juu ya mlango mwaka wa kujengwa umechongwa. Akausoma ukasomeka vizuri, tarakimu zote zimesimama zinavyosimama. Hakuwa amegeuza kitu. Mikono yake ilikuwa safi.

Lakini kuwa na mikono safi si kuwa na ngoma.

Shangazi alimkuta humo humo.

"Umekonda," alisema. "Na tena siku ya sherehe utacheza nasi. Usiniangalie hivyo, nimeshasema. Mjukuu wa mtunzi hatasimama pembeni na kamera kama mtalii. Simama nikufundishe huo ubeti, huku unafikiri."

Shangazi hakataliwi. Losaline alisimama. Talahiva alisimama mbele yake, uso kwa uso, akashusha mkono, akapandisha vidole puani, akaupeleka pembeni. Losaline alimfuata. Upande ule ule, kama mtu na kivuli chake majini.

Ghafla akasimama.

"Shangazi, mbona unatumia mkono wa kushoto?"

"Kwa sababu nakufundisha, mjinga wee! Mimi natumia kushoto ili wewe utumie kulia. Mwalimu hujigeuza ili mwanafunzi asijigeuze. Hivyo ndivyo baba alivyotufundisha, na ndivyo kila mtu anavyofundishwa hapa."

"Na babu kwenye filamu?" Losaline aliuliza taratibu. "Yeye ametukabili. Alijigeuza?"

Talahiva aligeuka kuitazama shuka, ambako baba yake alikuwa ameachwa katikati ya ubeti, mkono hewani.

"Hapana," alisema mwishowe. "Baba hapo hakuwa akifundisha. Alikuwa akicheza."

Wakatazamana. Wanawake walikuwa wamemfuata mzee Vainikolo kama walivyowafuata walimu wote maishani, upande ule ule wanaouona, wakachukua ngoma nzima kinyume. Wanaume nao walifanya kosa lile lile, lakini walikuwa nyuma ya kitambaa, ambako picha hugeuka yenyewe. Kosa likakutana na kinyume chake, likawa sawa. Heshima ya kaka na dada, iliyowaweka nje gizani na mbu, ndiyo iliyowanyoosha.

Talahiva alianza kutikisika. Losaline alidhani analia, akamshika bega. Bibi alikuwa anacheka mpaka akaketi chini.

"Usimwambie kaka yangu kwamba alikuwa sahihi," alisema alipopata pumzi. "La, mwambie. Mwambie, maana nikimficha Mungu ataniuliza."

Jioni hiyo wanawake walipoelezwa, walipiga kelele, wakacheka, wakalaumiana, na binti mmoja mwenye akili ya haraka akasema, "Ni rahisi, da Losa. Bonyeza kitufe, kompyuta itageuza picha, nasi tujifunze humu humu ndani."

Ni kweli, kitufe kilikuwepo. Losaline alikuwa bado anatafuta maneno ya kukataa, Talahiva akamtangulia.

"Baba hageuzwi," alisema. "Alisimama alivyosimama. Tutazunguka sisi."

Wakazunguka. Wanawake wote, wazee kwa mabinti, walibeba mikeka yao wakatoka nje wakaketi nyuma ya shuka, na wanaume waliokuwa nje wakaingia ndani kuwapisha. Isileli hakusema neno la kujigamba, dada hachokozwi. Wenziwe kwenye kava walimsukuma sana aseme hata moja. Badala yake, asubuhi, mlangoni kwa Talahiva pakakutwa kiazi kikuu kirefu kuliko vyote vya shamba lake, na nguruwe mchanga aliyeokwa. Talahiva alikitazama kiazi akasema, "Huyu mtu ananicheka," akala vizuri sana.

Siku ya sherehe jua lilikuwa kali. Hihilua walicheza wakacheza vema, hilo lazima lisemwe, na Pisila alipotoka uwanjani jasho likimtiririka alikwenda kuketi mstari wa mbele kabisa, mikono kifuani, kusubiri.

Fungalei waliingia. Mafuta ya nazi yaling'aa mabegani, mikeka viunoni, manyoya vichwani. Wazee walisimama nyuma kuongoza sauti, Isileli mwisho huu na Talahiva mwisho ule, kijiji kizima kati yao. Losaline alikuwa mstari wa wanawake, wa tatu kutoka katikati. Hakuwa na glavu. Mikono yake, iliyozoea kushika kingo za mambo ya watu wengine, ilikuwa tupu na imepakwa mafuta.

Ubeti wa kwanza. Wa pili. Wa tatu. Uwanja ulijua kinachofuata, kwa maana kisiwa kizima kilikuwa kimesikia. Watu waliacha kutafuna. Pisila aliinama mbele.

Hawakuruka.

Sauti ya Talahiva iliufungua ubeti, wanaume wakaupokea kwa chini, na mikono mia moja ikashuka kwa pamoja, bila haraka, kama ua linavyoshuka pasipo upepo. Vidole vilipanda puani. Losaline hakufikiri kulia wala kushoto. Alikuwa ameupitisha mkono huo mbele ya taa kwa majira mazima, unene wa ukucha kwa unene wa ukucha. Sasa alijua ulikuwa unakwenda wapi. Aliuacha uende. Na wote, wanaume na wanawake, mstari mzima kutoka mwisho hadi mwisho, waliituma harufu ya ua la jana upande mmoja, baharini, na vichwa vya watazamaji vikageuka kuifuata.

"Malie!" alipiga kelele mtu nyuma. Vizuri! Na neno likashika uwanja kama moto wa nyasi. "Malie! Malie, Fungalei!" Wazee walisimama. Wanawake wa vijiji vingine walikimbia na vitambaa vya magome, wakivitandaza miguuni mwa wachezaji ngoma ikiendelea. Kisha Losaline alimwona Pisila wa Hihilua akiinuka, akifunga vizuri mkeka wake kiunoni, akiingia uwanjani mwenyewe bila kuitwa. Alikuja mpaka mbele ya mstari wao, akaanza kucheza pembeni yao ile michezo ya fujo na furaha ambayo mtu huicheza pale tu anaposhindwa kuketi, akiruka, akijipiga mapaja, machozi yakimtoka.

"Kiuno hicho!" alipaza sauti kwa watu wake. "Mnakiona? Kiuno hicho!"

Ngoma ilifika mwisho, lakini haikuachwa iishe. Uwanja mzima uliitaka mara ya pili, na ulipoulizwa kutoka wapi, watu wa Hihilua ndio waliojibu kwanza, kwa sauti moja:

"Kati! Anzieni katikati!"

Mwisho ule wa mstari, Talahiva alivuta pumzi. Mwisho huu, Isileli naye alivuta. Losaline alishusha mabega, akaweka mikono yake tayari.